Nyumba Isibaki Tupu

Sehemu ya Tisa

Wiki iliyopita niliwaacha pale jembe la Baba lilipotua begani kwa Piau.

Najua wapo waliofurahi. Hata mimi nilifurahi, kwa muda wa pumzi moja. Kisha nikamwona Piau ameanguka kwenye vitunguu saumu vyetu vilivyoanikwa uwanjani, anacheka. Anagumia kwa maumivu na anacheka. Hapo ndipo nilipojua tumekwisha.

Kwa anayekutana nami leo kwa mara ya kwanza, naitwa Liao Yun-ching. Nyumba yetu ya vigae vyekundu ni ya urithi na haijawahi kugawanywa. Baba mdogo aliiuza hisa yake kimyakimya kwa mtu anayeitwa Bwana Kuo. Hiyo ndiyo kazi ya Bwana Kuo: ananunua hisa ndogo, anahamia ndani, anawakera wenye nyumba mpaka wamwachie zilizobaki kwa bei ya kutupa. Kwetu alikuja na kitanda cha kukunja na kijana wake wa mabavu, huyo Piau. Kitanda akakitandika katika ukumbi wa kati, mbele ya meza ya wazee wetu waliotangulia.

Polisi tuliwapigia mpaka sauti yangu wakaijua. Kila mara alikuja Afande Hsiao, kofia mkononi, na maneno yale yale kwa Ama, bibi yangu.

"Ana hati, Ama. Hisa yake ni ndogo, lakini nyumba haijagawanywa, kwa hiyo ana haki ya kukanyaga kila tofali. Hilo ni la madai, si la jinai. Nendeni mahakamani. Nikiona damu, nitaingia. Mlango uliovunjwa si damu."

Siku Baba alipoinua jembe, Afande hakuhitaji kuitwa mara mbili. Yalikuja magari mawili, taa zinazunguka. Hayo yote yalikuja kumchukua Baba.

Sasa endeleeni nami.

Tulibaki wawili, Ama na mimi. Na Sikukuu ya Kufagia Makaburi ikatukuta katika hali hiyo.

Asubuhi nilimkuta Ama jikoni, anakunja chapati zake nyembamba zenye chipukizi za maharage na unga wa karanga. Alikuwa amevaa viatu vya kupandia mlima.

"Ama, unakwenda wapi?"

"Kwa babu yako."

"Na goti?"

"Goti litapanda polepole. Wafu hawana haraka."

"Mwaka huu tuache tu. Watatuelewa."

Aligeuka akanitazama kama nimemtukana. "Kaburi lisilofyekwa, lisilo na karatasi za njano zilizobanwa na mawe, watu wanasema halina wenyewe. Ukirudi mwakani unakuta mtu kapanda viazi juu yake. Unataka babu yako aote viazi?"

Nilicheka bila kutaka. Kisha nikakumbuka onyo la Afande Hsiao.

Kabla ya kuondoka na Baba siku ile, Afande Hsiao alijifanya anafunga kamba ya kiatu karibu yangu, akaninong'oneza: "Dada Liao, msiiache nyumba tupu. Hata kwa kwenda sokoni. Maadamu mmoja wenu yumo, wao ni wapangaji wabaya tu. Mkitoka wote wakafunga, ninyi ndio mtakuwa nje mnabisha hodi, na mimi siwezi kumvunjia kufuli mtu mwenye hati."

"Basi nitakwenda mimi makaburini, wewe ukae," nikamwambia Ama.

"Unajua kaburi la mama wa babu yako lilipo? Unajua la mtoto wangu wa kwanza, lisilo na jiwe?"

Sikujua.

"Basi. Mama Tseng atanipeleka na baiskeli yake ya magurudumu matatu. Wewe utakaa."

"Peke yangu na wale?"

"Peke yako."

"Naogopa, Ama."

"Ndiyo maana nakuacha wewe." Alinifuta unga wa karanga shavuni, ambao ni yeye mwenyewe aliyenipaka. "Baba yako haogopi, na angalia alipo. Wewe hata mbu unamwomba radhi kabla ya kumfukuza. Wale wanatafuta mkono wa mtu uwapige, wapate kumfunga. Wako hawataupata."

Mama Tseng, jirani yetu, akapiga kengele nje. Ama akapanda nyuma, mundu mapajani, akakaa kama malkia. Hakugeuka kuniaga.

Nikaingia ukumbini na kukaa kwenye kiti cha Ama.

"Habari za asubuhi, msomi," alisema Piau. Bega lake lilikuwa na bandeji, simu yake imenielekea, ananirekodi. "Tabasamu basi. Unapendeza ukinuna, lakini ukitabasamu ni zaidi."

Nilitazama magoti yangu.

"Mwache," alisema Bwana Kuo kutoka kitandani. Alikuwa anatafuna popoo, na kila mara alitema mate mekundu kwenye kikombe cha karatasi. "Leo ni sikukuu. Tuwe na adabu."

Akasimama, akanawa mikono, akalichomoa shati lake na kulichomeka tena vizuri. Nikamwona anachukua vijiti vitatu vya ubani kutoka sanduku letu. Akaviwasha. Akasimama mbele ya kibao chenye majina ya wazee wetu, akainua vijiti mpaka kwenye paji la uso, akajitambulisha kama ilivyo desturi.

"Mimi ni Kuo Cheng-tsai," alisema kwa sauti. "Ninaishi..."

Akataja anwani. Anwani yetu, mpaka namba ya kibao cha mlangoni.

Nilipoisikia ikitoka kinywani mwake, na picha ya Babu inatutazama, nilizishika mbao za kiti cha Ama kwa nguvu.

"Unafanya nini?" Sauti yangu ilikuwa kama ya kifaranga.

"Nawasalimu wenyeji. Mtu akihamia mahali anabisha hodi. Au bibi yako hakukufundisha?" Alichomeka vijiti kwenye chetezo. "Na wewe Piau, njoo ujitambulishe."

"Bosi, mimi usinitaje," alisema Piau, na alirudi nyuma kweli.

Kwa mara ya kwanza nilimwona anaogopa kitu. Nilitamani tuogope pamoja.

Haikupita muda, Piau akaleta mfuko wa duka la vifaa, akaumimina juu ya meza ndogo iliyo mbele yangu. Mnyororo mpya, kufuli jipya, bado lina mafuta. Akaanza kulipangusa taratibu.

"Hilo la nini?" niliuliza.

"La lango. Siku hizi usalama mdogo."

"Mtalifunga?"

"Mtu akiwemo? Hatuthubutu!" Bwana Kuo aliweka mkono kifuani. "Kumfungia mtu ndani ni jinai. Sisi tunaheshimu sheria, binti. Akitoka mwenyewe kwa miguu yake, hiyo ni hadithi nyingine."

Akarudi kitandani, akaendelea kutafuna popoo. Kutoka mlimani nilisikia fataki za watu waliomaliza kufagia, moja baada ya nyingine, nikawa najiambia hiyo ni ya Ama, hiyo hapo ni ya Ama, sasa anateremka.

Simu ya Bwana Kuo ikalia.

Alisikiliza. Hakusema hata "ndiyo". Akaiweka mfukoni, akanigeukia na uso wa huruma, uso ambao sikuwa nimewahi kuuona kwake.

"Binti, pole. Bibi yako ameanguka makaburini."

"Uongo."

"Natamani ungekuwa uongo. Mtu mzima, goti bovu, njia ya mawe. Gari langu liko hapo nje. Au panda pikipiki yako, kama gari langu linakunukia vibaya."

Nilimpigia Ama. Iliita mpaka ikakatika. Nikampigia Mama Tseng. Ilikuwa inatumika. Nikampigia tena Ama, na vidole vyangu vilikuwa vinabonyeza namba zisizo zake.

"Kila dakika unayopoteza hapa," alisema Bwana Kuo kwa upole, "yeye yuko kwenye majani."

Nilisimama. Sikumbuki kuamua. Nilijikuta mlangoni, mguu mmoja umeinuka kuvuka kizingiti, funguo za pikipiki mkononi.

Nyuma yangu nikasikia mnyororo unainuliwa kutoka mezani.

Ulilia kidogo tu. Lakini sauti ile ilinishika ukosini. Nikaushusha mguu wangu ndani.

"Mjukuu gani huyu?" alisema Piau. "Bibi anakufa, yeye analinda vigae."

Nililia hapo hapo mlangoni, mbele yao, kamasi na machozi, huku ananirekodi. Na katika kulia huko nikampigia Afande Hsiao.

"Afande, Kuo anataka nitoke, anasema..."

"Dada Liao," alisema kwa uchovu, "nimeshawaambia, hilo ni..."

"La madai, najua! Sikuombi uje nyumbani. Nakuomba uende makaburini. Kuna bibi kizee huenda ameanguka kule na simu hapokei. Nalo hilo ni la madai?"

Kiti kikasogezwa upande wake.

"Hapana," alisema. Nikasikia funguo za gari. "Hilo ni langu."

Nikarudi kitini. Nikakaa juu ya mikono yangu. Bwana Kuo alifungua chakula chake cha boksi, akala wali na paja la kuku, akanikaribisha kwa kijiti chake cha kulia. Niliomba iwe uongo. Nilimwangalia anavyotafuna, nikaomba kwa wazee wote waliokuwa kwenye kile kibao: awe muongo, awe muongo, mara moja tu huyu mtu awe alivyo kila siku.

Simu yangu ikalia.

"Ni kweli," alisema Afande Hsiao.

Hakuwa muongo.

"Anaongea, usiogope. Ni nyonga. Gari la wagonjwa limekwama chini, watu wa sikukuu wamejaza njia, wanapanda na machela kwa miguu. Dada Liao, atapasuliwa, na daktari atataka ndugu wa damu awe pale. Baba yako hatoki leo, nimeuliza. Baba yako mdogo simu yake imezimwa."

Kwa hiyo nilikuwa mimi. Dunia nzima, mimi tu.

Kisha wazo moja likanipanda mgongoni kama maji ya baridi. "Afande, Kuo alijuaje?"

Nilisikia hatua zake, anajitenga na watu.

"Amejua kabla yangu. Kabla yako. Nani alimpigia?"

"Mama Tseng alikwenda kuchota maji ya kuoshea kaburi," alisema polepole. "Alimwacha amesimama. Aliporudi alimkuta chini. Bibi mwenyewe anasema alisikia mtu nyuma yake, hakumwona."

"Nauliza alijuaje!"

"Nimesikia unachouliza. Usikiseme kwa sauti hapo ulipo. Kama kuna mkono wa mtu, basi si madai tena, na nitamtafuta. Lakini itachukua muda, na wewe muda huna."

Niliinua macho. Bwana Kuo alikuwa ameacha kula, ananisikiliza kwa makini kama mtu anayesikiliza redio.

"Njoo ukae hapa," nilinong'ona. "Saa moja tu. Mimi niende."

"Siwezi. Nikikaa ukumbini kumlinda mmoja dhidi ya mwingine, na wote mna hati, kesho nitakuwa naeleza kwa mkuu wangu mimi ni mlinzi wa nani."

"Wakifunga, utafungua?"

"Unajua jibu, dada. Samahani. Bibi anataka simu."

Nikasikia upepo, majani, mtu anasema polepole polepole. Halafu sauti ya Ama, nyembamba kama uzi.

"Ching."

"Ama, nakuja. Nakuja sasa hivi."

"Nani kasema uje? Umewauliza?"

"Nani?"

"Nani tena! Wenye nyumba, wazee wetu. Ukumbi haujawahi kuachwa bila mtu tangu niolewe. Babu yako alipokufa nilikaa mimi, sikumsindikiza. Huwezi kutoka hivi hivi kama umemaliza kunywa chai. Waulize."

"Ama, hakuna muda!"

"Muda upo. Mimi nimelala tu hapa, natazama mawingu." Alivuta pumzi kwa maumivu, nikaisikia ikikatika katikati. "Kwa kawaida mbao hurushwa mara tatu. Leo mara moja inatosha, hawa nao wanaona hali. Wakikubali, njoo unishike mkono, maana naogopa kisu. Wakikataa, kaa. Nami sitakulaumu. Weka simu nikusikie."

Ama anaogopa kisu. Miaka yote hii sikujua kama Ama anaogopa kitu.

Niwaambie ukweli, mimi nimesoma chuo na sijui kama naamini. Lakini nilikuwa sina polisi, sina baba, sina mtu mwingine wa kuuliza.

Nikaiweka simu mezani, sauti wazi. Nikachukua vile vipande viwili vya mbao vyekundu vilivyo mbele ya kibao, kila kimoja kama mwezi mchanga, upande mmoja bapa, upande wa pili mviringo. Kimoja kikilala bapa juu na kingine mviringo juu, wamekubali. Vyote viwili mviringo juu, wamekataa.

"Uliza, uliza," alisema Bwana Kuo. Alikuwa amesogea, amesimama karibu na kona ya meza, mikono nyuma, popoo mpya shavuni. "Na mimi ni wa humu. Nina haki ya kusikia."

Nikapiga magoti.

"Mimi ni Liao Yun-ching," nilisema, nikataja anwani yetu, na niliitaja kwa nguvu zaidi kuliko yeye. "Ama ameanguka. Nikienda kwake nyumba inabaki na hawa. Nikibaki, anapasuliwa peke yake. Niende?"

Nikavirusha.

Kimoja kilidunda mara moja, kikatulia karibu na goti langu. Mviringo juu.

Cha pili kikazunguka, kikazunguka, kikateleza kwenye sakafu mpaka kwenye kona ya meza. Mwili wangu ulizuia mwanga, sikuona kilivyolala.

Bwana Kuo alikiona.

Taya zake zikaacha kutafuna. Rangi ikamtoka usoni kama maji kwenye shimo la sinki. Na kabla sijageuka vizuri, ndala yake ikashuka juu ya kile kipande, ikakifunika chote.

"Wamekubali," alisema. Uso wake ukarudi, na tabasamu lake likarudi. "Umesikia, bibi? Wamekubali. Nenda, binti. Nenda kwa bibi yako."

"Inua mguu."

"Si nimekwambia?"

"Inua mguu nione."

"Uinue mwenyewe."

Nyuma yangu nikasikia Piau anasogea apate picha nzuri. "Bosi," alisema, na sauti yake ilikuwa imebadilika, "hivyo vitu tusivichezee. Bosi, kweli."

"Funga mdomo. Rekodi."

"Dada Liao!" Ilikuwa sauti ya Afande Hsiao kutoka mezani. "Kuna nini hapo? Usimguse. Unanisikia? Ukimgusa nitalazimika kuja, na sitakuja kumchukua yeye."

Nilimsikia. Nilielewa kila neno. Nikimgusa nachukuliwa alipo Baba, nyumba inabaki tupu, na Ama anaingia kwenye chumba cha kisu bila mtu wa damu yake. Nisipomgusa nitatoka au nitabaki kwa neno la Kuo, na neno la Kuo ndilo lililoingia kwetu na kitanda cha kukunja.

Mguu wake ulikuwa mbele ya uso wangu. Kucha ndefu, ndala ya buluu. Chini yake ilichungulia ncha moja nyekundu ya mbao, ndogo mno, haisemi kitu.

"Ching," Ama aliita, na safari hii sauti ilikuwa mbali zaidi. Walikuwa wanamwinua. "Ching, wamesemaje?"

Piau alisimama juu yangu, bado anarekodi.

"Niguse," alisema Bwana Kuo polepole.

"Samahani, Bwana Kuo," nikasema, na nikakishika kifundo cha mguu wake kwa mikono miwili.